Siku mbili Nairobi: panga ngoma kwanza

Jamaa zangu wa Mombasa wakitaka kuja Nairobi kutembea, huniuliza kwanza watakula wapi. Mimi huwauliza watatazama ngoma siku gani. Picha zitakungoja ukutani na nyama haikosekani mji huu, lakini ngoma ina saa yake. Ukikwama kwenye foleni ya Lang'ata Road, hakuna atakayekurudishia onyesho.

Kwa miaka mingi mahali pa ngoma pamekuwa Bomas of Kenya, iliyoanzishwa 1971, na maonyesho yake ni ya alasiri. Ila tangu 2025 kuna ujenzi wa kituo kikubwa cha mikutano pale, kwa hivyo piga simu kabla hujakata tiketi ya treni. Wakisema hakuna, ulizia ratiba ya Kenya National Theatre, mkabala na hoteli ya Norfolk.

Popote utakapoipata, usikae tu kupiga picha kwa simu. Isukuti, mchezo wa Waisukha na Waidakho wa magharibi mwa Kenya, ikiingia, tafuta ngoma tatu zinazopigwa: kubwa, ya kati na ndogo. UNESCO iliiorodhesha mwaka 2014 kama urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka, na ukiona mabega ya wale wachezaji utajua ni hasara gani ingekuwa. Mwomboko wa Wakikuyu ni mambo mengine kabisa: watu wawili wawili, kodiani, hatua mbili kisha kuinama. Mimi ndio huo naupenda zaidi, ingawa mama yangu mkubwa, Mdigo wa Kwale, akisikia sengenya hataki kusikia kitu kingine.

Sasa rudi nyuma uipange asubuhi. Chukulia onyesho ni Bomas, Jumamosi. Anzia Kenya National Archives, Moi Avenue, na uende mapema kwa sababu Jumamosi hawakai wazi hadi jioni. Watu hupanga miadi ya kukutana nje ya jengo hilo kila siku na hawajawahi kuingia! Ukumbi wa chini una vitu vilivyokusanywa na Joseph Murumbi, makamu wa pili wa rais wa Kenya, kutoka pembe nyingi za Afrika. Ukimpenda Murumbi, tembea kwa miguu hadi Nairobi Gallery, karibu na Nyayo House. Jengo ni la 1913, na zamani watu walikwenda pale kuandikisha vizazi, ndoa na vifo. Usiongeze Makumbusho ya Taifa siku hiyohiyo. Macho nayo huchoka.

Chakula cha mchana kiwe cha haraka, ugali na samaki wa mchuzi pale Ranalo, Kimathi Street. Kisha teremka steji ya Railways ukapande matatu za Rongai, 125 au 126, zinazopita Bomas. Usikimbilie ya kwanza. Chagua nganya, yaani matatu iliyopambwa, iliyochorwa vizuri, maana hiyo nayo ni sanaa ya Nairobi, tena inakusafirisha. Mziki utakuwa juu. Vumilia.

Jumapili ni ya nyama. Nenda Kenyatta Market au Kariokor, na uende kabla njaa haijakushika, kwa sababu choma haina haraka. Usiagize ukiwa umekaa mezani. Nenda kwa mchinjaji mwenyewe, onyesha kipande unachotaka, simama mizani ikisoma, ndipo useme iwe choma au ichemshwe. Mbavu za mbuzi zina utamu, ila mifupa mingi. Watu wawili wenye njaa nusu kilo haiwatoshi. Itakuja kwenye ubao, na atakayekuletea ataikatakata mbele yako, pamoja na chumvi, kachumbari na pilipili. Mimi huomba kachumbari kabla ya nyama, na kila mara wananishangaa.

Kama ulichagua Kariokor, nunua vyondo palepale wakati nyama iko motoni. Bei ya kwanza si bei.

Ukirudi kwa treni, pesa za nauli ziwe tayari kwenye M-Pesa, na ufike stesheni ya SGR ya Syokimau (Nairobi Terminus) mapema, angalau saa nzima kabla, kwa kuwa mizigo hukaguliwa kwa mbwa na mashine na foleni ni ndefu Jumapili.