Jinsi ya Kulinganisha Taarifa za Nguvu ya Kimbunga

Kimbunga kinapojitokeza karibu na Madagaska, makundi ya WhatsApp ya Mwanza hujaa takwimu zinazopingana, na inayosambaa zaidi huwa ile ya kutisha kuliko zote. Kabla ya kuisambaza, tafuta kwanza ni wastani wa upepo wa dakika ngapi. Kituo cha Ufaransa kilichopo Réunion, ambacho Shirika la Hali ya Hewa Duniani limekipa jukumu la kufuatilia vimbunga vya kusini-magharibi mwa Bahari ya Hindi, hutumia dakika 10. Kituo cha jeshi la Marekani cha Pearl Harbor hutumia dakika 1. India hutumia dakika 3. Kadiri muda unavyokuwa mfupi ndivyo takwimu inavyopanda, ingawa upepo ni ule ule.

Kupata makadirio ya dakika 1 kutokana na ya dakika 10, kwa upepo wa baharini, gawanya kwa 0.93. Tuseme Réunion imetangaza kilomita 150 kwa saa: kwa hesabu ya Wamarekani inakuwa takriban 161. Sasa angalia majina. Réunion itakiita kimbunga cha kawaida, kwa kuwa kimbunga kikali kwao huanzia 166. Kwa ngazi ya Marekani kitakuwa daraja la 2. Na kwa ngazi ya Australia, ambayo huanza kuhesabu madaraja kuanzia kilomita 63, kitakuwa daraja la 3. Kwa hiyo daraja lisilotajwa ni la nchi gani usilisambaze.

Angalia pia vipimo na saa. Noti 80 (knots, kipimo cha kasi cha mabaharia) ni kilomita 148 kwa saa, si 80. Na saa 06 ya UTC, yaani saa za kimataifa, kwetu ni saa tatu asubuhi; taarifa mbili zinazotofautiana huenda zimetolewa kwa kupishana saa sita tu.

Tofauti ndogo inayobaki baada ya hapo isikusumbue. Katika bahari yetu hakuna ndege zinazotumwa mara kwa mara kupima ndani ya kimbunga kama ilivyo Atlantiki. Wataalamu hutazama umbo la mawingu kwenye picha za setilaiti na kuliwekea alama kuanzia 1 hadi 8 kwa mbinu ya Dvorak, na wataalamu wawili hawaoni sawa.

Anayevuka Ziwa Victoria kwenda Ukerewe hahitaji daraja lolote la kimbunga kati ya hayo. Kimbunga hupoteza nguvu kikikosa maji ya bahari yenye joto, kama Hidaya kilivyoishia eneo la Mafia mwezi Mei 2024, ilhali dhoruba za Ziwa Victoria huzaliwa ziwani kwenyewe, nyingi usiku. Yeye asome utabiri wa ziwa wa Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania, atazame kasi ya upepo na kimo cha mawimbi kwa mita, na ahakikishe tarehe yake ni ya leo.