Kusaka sinema zetu za zamani: anzia Vugiri, sio Kariakoo

Ukiuliza bongo muvi ilianza lini utaambiwa Girlfriend ya 2003, basi, kama vile kabla ya hapo watu walikuwa wanaangalia ukuta. Ukitaka kuchimba mwenyewe fanya hivi.

Kwanza ukisachi usiandike Tanzania, andika Tanganyika, na sinema iandike kwa K, yaani Kinema. Mi nilihangaika na C siku tatu nikawa naletewa ratiba za kumbi tu. Andika Bantu Educational Kinema Experiment, mradi wa filamu za kuelimisha Waafrika, ndo utawapata Notcutt na Latham, Waingereza waliopiga kambi Vugiri kule Usambara kuanzia 1935 mpaka 1937, hela nyingi zilitoka shirika la Carnegie la Marekani, wakatoa filamu 35 za minyoo, chai, kuweka akiba posta, wanaigiza watu wetu lakini anayeamua kila kitu mzungu. Kwa hiyo kila filamu utakayoipata swali la kwanza ni nani alilipa, hapo utaelewa kwa nini mhusika anahubiri sana kuhusu choo!

Na ukikuta kipande hakina sauti usikimbilie kusema ni sinema bubu. Hawa jamaa sauti walikuwa wanaiweka kwenye santuri pembeni, inapigwa pamoja na picha, sasa santuri ikipotea na maneno yameenda nayo.

Halafu ruka mpaka miaka ya 50 mwanzoni, tafuta filamu ya Muhogo Mchungu ila ongeza jina Kawawa, la sivyo utaletewa mzee Mkumbila, mchekeshaji mwenye jina hilo hilo la kisanii, na vichekesho vyake. Ndio, Kawawa huyo huyo, Simba wa Vita, kabla hajawa waziri mkuu alikuwa staa wa sinema aisee, na kampuni iliyotengeneza ilitoka Afrika Kusini. Baada ya uhuru fuata TFC, yaani Tanzania Film Company, kampuni ya filamu ya serikali iliyoanza 1968, filamu zake za ujamaa utazijua tu.

Mwisho wazee. Usimuulize babu "historia ya filamu", atakuambia hajui. Muulize gari la sinema, lile la kuonyesha filamu vijijini, lilisimama wapi, shuka lilifungwa kwenye mti gani, nani alikuwa anatafsiri, halafu washa rekoda ya simu unyamaze.