Namna ya kuanza Detective Conan toka kisa cha kwanza

Detective Conan ni katuni ya Kijapani ya mpelelezi kijana, Shinichi, aliegeuzwa mtoto akajiita Conan. Kwanza usiogope ile namba ya visa. Visa vimeshapita 1,100, ndo maana wengi wanaingilia katikati, mtu kaambiwa barazani cha 345 kitamu basi karukia huko huko halafu analalamika haelewi nani ni nani. Anza cha 1, kilichotoka Januari 1996, ukifika cha 13 utakuwa umeshajua kama hii kitu ni yako au si yako.

Kama una binamu zako Muscat pengine uliiona zamani kwa Kiarabu kule Spacetoon, ile stesheni ya katuni, basi ujue majina hayaji sawasawa, babake Ran (yule msichana rafiki wa Shinichi) kule ni Togo Mori, kwa Kijapani ni Kogoro Mouri, na ya Kiingereza ndo balaa kabisa maana Shinichi kawa Jimmy na Ran kawa Rachel. Mie nasema chukua ya Kijapani yenye maandishi chini. Na pakua mapema bando likiwepo, usitegemee umeme wa jioni.

Haya, sasa kuitizama kwenyewe. Sie kwetu Wete, Pemba, tuna sheria moja tu, ukiuona ule mwanga umepita nyuma ya kichwa cha Conan, simamisha, maana hapo yeye keshajua na wewe una kila kitu alichokiona yeye. Kila mtu amtaje muuaji wake NA ushahidi, ile ya "yule bwana sura yake siipendi" haihesabiwi (mamaangu ndo ushahidi wake huo kila siku na mara nyengine anapatia wallahi), atakaekosa anakwenda kununua urojo wa wote. Usiposimamisha utashtukia mzee Kogoro keshachomwa kisindano cha usingizi, Conan kajificha nyuma yake anazungumza kwa sauti ya mzee kupitia ile tai yake ya kubadili sauti, na wewe jibu umeletewa mkononi kama mtoto.

Cha 1 wasione wadogo usiku, mtu anakatwa kichwa kwenye treni la bembea. Muuaji simtaji ila tizama machozi, yanaendaje. Humo humo ndo Shinichi ananyweshwa sumu anageuka mtoto, na baadae jina Conan kalitoa kwa Conan Doyle kwenye rafu ya vitabu, Edogawa kwa Edogawa Ranpo, wote waandishi wa hadithi za upelelezi, alibanwa aseme jina akajibu haraka haraka.

Kuna vya katikati hapo vya kawaida tu, pita navyo ukila.

Cha 11 sasa, hicho kaa chini. Kirefu mara mbili ya vyengine, wanakwenda kisiwa kidogo kwa boti, watu wote wanajuana na wote wana siri, mie nilikuwa naona kisiwa chetu cha Kojani tupu. Maiti inakutwa kwenye piano, na ujumbe umefichwa ndani ya noti za muziki, kwa hiyo kamata kalamu na karatasi, uandike. Na usitarajie Conan atafurahi mwishoni.

Ukishakimaliza nenda cha 1000 na 1001, ndo hicho hicho kimechorwa upya 2021 kwa sehemu mbili, ila mara hii mamaako asikae kwenye kubahatisha, keshamjua muuaji na urojo utanunua wewe.