Majirani Wakiwaandama kwa Rangi Yenu Uingereza: Anzeni na Daftari

Mmehamia mtaa mpya, na kabla hamjamaliza kufungua mizigo, mtu ameshasukumiza kinyesi cha mbwa kwenye tundu la barua. Wiki inayofuata watoto wanaitwa nyani njiani. Wengi wetu tumelelewa kustahi jirani, hivyo tunaambiana, "Tuvumilie, watatuzoea." Nawasihi, msinyamaze. Mwonevu asiposemwa huzidi.

Nunueni daftari leo. Andikeni tarehe, saa, waliokuwapo, na maneno yenyewe yaliyotamkwa, hata kama kuyaandika kunachoma. Pigeni picha mlango kabla ya kuusafisha; ushahidi mwingi hupotea hapo, maana mkono hukimbilia maji na sabuni.

Hatari ikiwa mlangoni, wapigie polisi 999. Ikishapita, piga 101. Zote ni bure. Sema wazi kwamba huu ni uhalifu wa chuki ya rangi, na uombe namba ya kesi. Tangu ripoti ya Macpherson ya 1999, iliyofuata mauaji ya kijana Mweusi Stephen Lawrence mwaka 1993, polisi hawadai kwanza uthibitishe nia ya mtu: inatosha kuwa wewe, au shahidi yeyote, mmeliona tendo hilo kuwa la kibaguzi. Uthibitisho utatakiwa mahakamani, na hapo ndipo daftari lako litakapohitajika. Sheria ya 1998 inaongeza adhabu kwa shambulio, usumbufu au uharibifu wa mali uliochochewa na ubaguzi wa rangi.

Kiingereza kikikukwama, omba mkalimani wa Kiswahili. Tafadhali, usimfanye mtoto atafsiri matusi aliyotukanwa mama yake.

Mkiwa katika nyumba ya halmashauri au ya shirika la nyumba, lalamikeni kwa barua pepe, si kwa mdomo tu. England na Wales, mkilalamika mara 3 ndani ya miezi 6 bila kusaidiwa ipasavyo, sheria ya 2014 inawaruhusu kudai kesi ipitiwe upya na polisi na halmashauri kwa pamoja. Aliyepanga kwa mtu binafsi au anayemiliki nyumba yake ana haki hiyohiyo.

Na kuhama? Watoto wakikosa usingizi, kuhama si aibu. Ila msirudishe funguo kabla ya kuongea na Citizens Advice au Shelter, mashirika yanayotoa ushauri bure, kwa sababu halmashauri inaweza kusema mmejikosesha makazi wenyewe, na ikakataa kuwatafutia mengine ya kudumu.