Somo: Kubadilisha mkanda wa taimingi kwenye injini ya zamani ya petroli

Wengi wanaiogopa kazi hii kuliko inavyostahili, na wanaoidharau ndio wanaorudi na valvu zilizopinda. Kufungua na kufunga ni bolti za kawaida tu. Kinachotaka utulivu ni alama za kupangia puli, kwa hiyo sehemu hiyo nitaikalia kuliko nyingine zote.

Mkanda wa taimingi unaunganisha krenkishafti ya chini na kamshafti ya juu, ili valvu zifunguke na kufunga kwa kufuata mwendo wa pistoni. Krenki ikizunguka mara mbili, kamshafti inazunguka mara moja. Ndiyo maana puli ya juu ina meno mara mbili ya puli ya chini. Shika hilo kichwani, litarudi kwenye Hatua ya 4.

Kabla ya yote, jua injini yako ni ya aina gani. Kuna injini ambazo mkanda ukikatika pistoni zinagonga valvu. Honda nyingi za zamani ziko hivyo (D16 ni mfano mmoja), na Mitsubishi 4G63 pia. Kuna nyingine zina nafasi ya kutosha, mkanda unakatika, gari linazima, basi. Toyota 4A-FE na 3S-FE ziko kundi hili. Kwa kundi la kwanza, kuchelewa kubadilisha ni kucheza na injini nzima.

Watengenezaji wengi wa injini za miaka ya 1980 na 1990 waliandika kilomita kati ya 60,000 na 100,000, pamoja na kikomo cha miaka, kwa sababu mpira huzeeka hata gari likiwa limeegeshwa. Ukinunua gari mkononi mwa mtu na hakuna rekodi, hesabu kwamba muda umepita. Wala usidanganywe na sura ya mkanda. Nguvu yake iko kwenye nyuzi za kioo zilizofichwa ndani ya mpira, na nyuzi hizo zinaweza kuwa zimechoka huku nje kunang'aa.

Nunua mkanda, tenshena (kikaza mkanda) au beringi yake, springi ya tenshena, na oili sili za krenki na kamshafti. Pampu ya maji inategemea. Kwenye 3S-FE na 2JZ-GE pampu inazungushwa na mkanda huuhuu wa taimingi, kwa hiyo ibadilishe safari hiyohiyo. Kwenye 4A-FE inazungushwa na fani belti ya nje, haina haja ya kuunganishwa na kazi hii.

Hatua ya 1: Kuandaa gari

Injini iwe baridi kabisa. Toa waya wa hasi wa betri. Legeza nati za tairi la upande wenye mkanda, inua gari, liweke juu ya stendi. Jeki peke yake haitoshi kwa mtu anayeingiza kichwa na mikono humo. Toa tairi na kile kikinga cha plastiki cha ndani. Toa na plagi zote: bila mgandamizo injini inazunguka kwa wepesi na unaweza kuisimamisha pale unapotaka hasa, badala ya kurukia mbele.

Hatua ya 2: Kufungua njia

Toa mikanda ya nje (altaneta, pawa stelingi, AC), kisha kifuniko cha juu cha taimingi. Kwenye injini nyingi zilizokaa kwa upana wa gari, mauntingi (kishikilia injini kwenye bodi) ya upande huo lazima itoke. Weka jeki chini ya sampu (bakuli la oili) na kipande cha ubao katikati, ibebe injini kidogo tu, ndipo ufungue mauntingi.

Hatua ya 3: Bolti ya krenki

Hii ndiyo inayokwamisha watu nusu siku. Ilegeze sasa, kabla ya kupanga alama, maana ukiifungua baadaye utaivuruga mipangilio. Kama gari ni la manyuo, weka gia ya juu kabisa, mtu akanyage breki kwa nguvu, wewe tumia soketi nzuri na bomba refu. Kwa gari la otomatiki, tafuta kishikio cha puli au zuia flaiwili (gurudumu zito la nyuma ya injini) kupitia kidirisha cha chini ya gia boksi. Wapo wanaokingamiza spana kwenye chesisi na kupiga stata. Inafungua, sikatai, lakini spana ikiponyoka hujui itatua wapi. Mimi siifundishi. Na usizuie injini kwa kushika puli ya kamshafti. Nguvu hiyo yote itapita kwenye meno ya mkanda na kwenye kamshafti.

Ikilegea, iache kwenye tundu lake. Utaitumia kuzungushia injini.

Hatua ya 4: Alama

Zungusha injini kwa bolti ya krenki pekee, upande wa mshale wa saa ukiitazama puli uso kwa uso. Honda nyingi za zamani ni kinyume, zinazunguka kushoto, kwa hiyo hakikisha kwenye kitabu cha injini yako. Endelea mpaka mfuo wa puli ya nje ukutane na 0 kwenye kifuniko. Kuna namba nyingine hapo, kama 10, hizo ni za kupimia moto wa plagi. Usizitumie.

Sasa tazama juu. Kwa kuwa krenki inafika kwenye 0 mara mbili kwa kila mzunguko mmoja wa kamshafti, nusu ya mara hizo kamshafti itakuwa imegeuka upande wa pili. Kama alama yake haionekani mahali pake, zungusha krenki raundi moja kamili. Kwenye 4A-FE puli ya juu ina tundu; ukichungulia ndani yake unatakiwa kuona alama iliyo kwenye kifuniko cha beringi ya kamshafti nyuma yake. Puli nyingine zina alama mbili au tatu kwa sababu zimetumika kwenye injini zaidi ya aina moja, na hapo kitabu ndicho kinachoamua.

Kisha toa puli ya nje na kifuniko cha chini. Kuanzia hapo mfuo wa puli ya nje haupo tena. Unatumia alama ya gia ndogo ya krenki na alama iliyo kwenye bodi ya pampu ya oili. Watu wengi hupotea hapa, kwa sababu walikariri alama ya nje tu. Piga picha ya juu na ya chini, simu ikiwa imenyooka na puli. Picha ya pembeni inadanganya kwa jino zima.

Ukipenda, paka rangi nyeupe kwenye mkanda wa zamani na kwenye puli zote mbili, halafu uhesabu meno kati ya alama na kuyahamishia kwenye mkanda mpya. Ni ushahidi wa ziada mzuri. Ila kama mkanda wa zamani ulikuwa umesharuka jino, utakuwa unanakili kosa, kwa hiyo alama za kiwandani zinatangulia.

Hatua ya 5: Kutoa mkanda

Legeza bolti ya tenshena, isukume nyuma, ikaze ikiwa imerudi. Vuta mkanda utoke. Kamshafti inaweza kujigeuza kidogo kwa nguvu ya springi za valvu. Usishtuke, lakini usiizungushe ovyo kama injini yako ni ya kundi la kugongana. Ikiwa imehama sana, rudisha krenki nyuma robo raundi ili pistoni zote nne ziwe katikati ya silinda, panga kamshafti, kisha irudishe krenki kwenye alama.

Hatua ya 6: Kukagua

Futa oili yote, tafuta inakotoka. Zungusha beringi ya tenshena kwa kidole. Ikisaga, mbovu. Ikizunguka muda mrefu kwa wepesi bila kizuizi chochote, nayo mbovu, maana grisi imekwisha. Badilisha sili sasa, kwa sababu mkanda mpya ukilowa oili haumalizi muda wake.

Hatua ya 7: Kuvaa mkanda mpya

Usiukunje mkanda, usiugeuze ndani nje, usiuingize kwa bisibisi. Anza na gia ya krenki, panda upande usio na tenshena ukiwa umeukaza vizuri, vaa puli ya juu, malizia kwenye tenshena. Ulegevu wote ubaki upande wa tenshena. Ukiacha hata kidogo upande wa pili, tenshena ikivuta itazigeuza puli na alama zitahama.

Achia bolti ya tenshena ili springi ifanye kazi. Usiikaze bado.

Hatua ya 8: Raundi mbili kwa mkono

Rudisha bolti ya krenki kwa muda, zungusha injini raundi mbili kamili taratibu, urudi kwenye alama. Ukikutana na kizuizi kigumu cha ghafla, simama hapohapo. Usilazimishe, hiyo inaweza kuwa pistoni imegusa valvu. Rudi Hatua ya 4.

Alama zote zikirudi sawasawa, kaza tenshena kwa kipimo cha kitabu. Zisiporudi, toa mkanda uvae upya. Hakuna "karibu sawa" hapa. Chukulia puli ya juu ina meno 48: jino moja ni nyuzi 7.5 za kamshafti, ambazo ni nyuzi 15 za krenki.

Hatua ya 9: Kufunga

Rudisha kifuniko cha chini, puli, mauntingi na mikanda ya nje. Bolti ya krenki ikazwe kwa spana ya kipimo. Kwa injini nyingi za aina hii kipimo hupita newtoni mita 100. Ikilegea, puli itacheza na kula mfereji wake kwenye krenkishafti, na hapo gharama ni nyingine kabisa. Rudisha plagi, unganisha betri, washa. Sikiliza dakika chache gari likiwa sailensa (linaunguruma bila kukanyaga mafuta) kabla ya kurudisha tairi.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Mkuu, nimepaka rangi kama ulivyosema. Baada ya raundi mbili alama za puli zimerudi, lakini rangi ya kwenye mkanda imekwenda kokote. Nimekosea wapi?

Jibu: Hujakosea. Rangi ya mkanda inafaa wakati wa kuvaa tu. Fanya mfano wa gia ya krenki yenye meno 24, ya juu 48, na mkanda wa meno 117. Rangi hazikutani tena zote mpaka krenki izunguke mara 78. Angalia puli, sahau mkanda.

Swali: Habari fundi. Mzee wangu gari lilimzimikia barabarani, stata inazunguka kwa kasi na wepesi usio wa kawaida, haliwaki. Injini 4A-FE. Wanasema tushushe silinda hedi.

Jibu: Salama dada. Msishushe kitu kwanza. Fungueni kifuniko cha mafuta ya injini, mtu apige stata, wewe chungulia humo: kamshafti ikisimama wakati krenki inazunguka, mkanda umekatika. Kwa 4A-FE wekeni mkanda mpya kwa kufuata alama kisha mpime mgandamizo. Uwezekano mkubwa valvu ziko salama. Ingekuwa D16 ningekujibu tofauti.

Swali: Nimefunga, linawaka, lakini sailensa inatetemeka na kilimani halina nguvu. Distributa (kigawa moto wa plagi) sijaigusa kabisa.

Jibu: Jino moja hilo, nina wasiwasi. Kwenye injini ambayo distributa inazungushwa na kamshafti, ukikosea jino moja unaharibu wakati wa valvu na wa moto wa plagi kwa pamoja. Utakuta mtu anageuza distributa mpaka sailensa itulie, anadhani amemaliza, kumbe valvu bado ziko nje ya wakati. Fungua kifuniko cha juu, weka krenki kwenye 0, uangalie kamshafti.

Swali: Mimi nina 1NZ-FE, nibadilishe kila kilomita ngapi?

Jibu: Hiyo ina cheni, haina mkanda wa taimingi. Zingatia oili tu, ibadilishwe kwa wakati.

Swali: Kaka, tenshena yangu haina springi. Ina kitu kama shokomzoba kidogo chenye kijiti kinachotoka.

Jibu: Hiyo ni ya hidroliki. Itoe, isimamishe wima kwenye jiliwa, ibane polepole sana mpaka matundu mawili yaonane, ingiza pini nyembamba kuishikilia. Ukiibana kwa haraka unaua sili ya ndani. Ikivuja oili au ikibanika kwa mkono mtupu, haifai tena. Pini inatolewa baada ya mkanda kukaa, kabla ya zile raundi mbili.

Swali: Tangu nibadilishe kuna mlio kama filimbi, unapanda na kasi ya injini. Tenshena ni mpya.

Jibu: Toa kwanza mikanda ya nje, washa kwa nusu dakika. Mlio ukipotea, tatizo ni altaneta au kinachozungushwa na mikanda hiyo. Ukibaki, mkanda wa taimingi umekazwa mno. Hutokea mtu akiisukuma tenshena kwa bisibisi wakati springi ingetosha. Legeza bolti yake, iache ijipange yenyewe, zungusha raundi mbili, kaza. Ukiacha hivyo, unaua beringi ya tenshena, na kama pampu ya maji iko kwenye mkanda huo, nayo itafuata.

Swali: Na kama mkanda unapigapiga kifuniko?

Jibu: Umelegea. Zima gari, usiliwashe tena mpaka ufungue.