Somo: Uchaguzi wa kamati ya hekalu ukipingwa Kenya, anza wapi?

Nimekuwa karani wa wakili Mombasa kwa miaka mingi. Kila baada ya mikutano mikuu huja watu na faili kwapani, wanataka zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha jambo, kesho yake asubuhi. Nami huwauliza swali moja: daftari la wanachama liko wapi? Wengi hawana jibu, na hapo ndipo kesi nyingi za kamati za mahekalu ya Kihindu huanguka.

Hatua ya 1: Soma katiba iliyoko kwa Msajili wa Vyama, si nakala ya kabatini. Chama kilichosajiliwa chini ya Sheria ya Vyama, Sura ya 108, hakiwezi kubadilisha katiba yake bila idhini ya Msajili. Tafuta siku za notisi, akidi (idadi ya chini ya wanachama ili mkutano uwe halali), na nani hasa ana kura.

Hatua ya 2: Pata daftari. Hapa msiharakishe. Niliwahi kushika moja la jalada gumu, majina kwa Kigujarati kushoto, kwa herufi za Kiingereza kulia. Mtu mmoja alikuwa ameandikwa mara tatu kwa tahajia tatu. Mbele kidogo kulikuwa na wanachama wapya waliolipa ada wote siku ile ile, siku mbili kabla ya kura, risiti zao zikifuatana namba. Kesi yote ilikuwa katika kurasa zile mbili. Piga picha kila ukurasa, ulinganishe risiti na stetimenti ya benki.

Hatua ya 3: Pinga kwa maandishi, kwa msimamizi wa uchaguzi na kwa kamati, upate muhuri wa kupokelewa. Kama katiba inataja baraza la wazee au upatanishi, pitieni huko kwanza. Ibara ya 159 ya Katiba ya Kenya inahimiza njia hizo, na jaji atawauliza mlizijaribu lini.

Hatua ya 4: Nenda kwa Msajili upesi. Mabadiliko ya viongozi hutakiwa kufikishwa kwake ndani ya siku 14, kwa hiyo pingamizi lako lisichelewe. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Vyama wengi hawakijui: Msajili asiporidhika ni nani viongozi halali, anaweza kukiamuru chama kilete, ndani ya mwezi mmoja, ushahidi kwamba mgogoro umekwisha au kesi imefunguliwa. Kikishindwa, usajili unaweza kufutwa. Waambieni hivyo pande zote mbili, maana wakigombea viti chama chenyewe kinaweza kuwaponyoka.

Hatua ya 5: Mahakama. Chama cha aina hii hakina nafsi yake kisheria, basi usishtaki "Hekalu". Washtaki viongozi kwa majina yao, kwa niaba ya chama. Kwa zuio la muda, kipimo ni kile cha kesi ya Giella na Cassman Brown ya 1973: uonyeshe kesi yenye mashiko, hasara ambayo fidia haitaiponya, na jaji akiwa na shaka atazame ni upande gani utaumia zaidi.

MASWALI YA WANACHAMA

Shikamoo bwana karani. Kamati mpya imeshabadilisha saini benki. Tumechelewa?
Marahaba. Bado. Iandikieni benki leo kuijulisha kuna mgogoro, lakini msitegemee barua pekee. Benki kwa kawaida hungoja amri ya mahakama. Ombeni zuio liitaje akaunti kwa namba.

Kiwanja cha hekalu nacho kimekwenda na kamati?
Tazama hatimiliki. Mara nyingi ardhi iko kwa wadhamini, na kushinda kura ya kamati hakumfanyi mtu mdhamini.

Kaka, mume wangu ndiye aliyeandikwa. Mimi nina kura?
Dada, angalia kama katiba yenu inasajili mtu au familia. Kama ni familia, soma nani anaipigia kura, na kama wake wengine waliruhusiwa miaka iliyopita, leta kumbukumbu za mikutano hiyo.

Kesi ikiendelea, nani atamlipa pujari, kuhani wetu wa hekalu?
Liombeni hilo ndani ya maombi yale yale ya zuio, au wakubaliane mawakili na jaji aidhinishe. Makubaliano ya mwisho niliyopiga chapa yalitaja mshahara wa pujari, umeme, maua na samli ya taa. Sanduku la sadaka liliwekwa kufuli mbili, kila upande ukabaki na ufunguo wake, likawa linafunguliwa Jumapili baada ya arati, ibada ya taa, wote wakiwepo.