Namna ya kubuni mwanachuoni wa uganga wa saa

Mwana Hidaya wa Siyu hakuwahi kuishi. Nimembuni mimi, hapa Makunduchi, kusini mwa Unguja, katika daftari la shule la mpwa wangu, na leo nikisikia jina lake moyo unanidunda kama nimetajiwa nyanya yangu. Nitakueleza nilivyompata, nawe umpate wako.

Anza na hesabu, uganga utafuata. Tazama watu wa mahali pake wanavyohesabu muda, kisha tafuta penye ufa. Pwani yetu ina nyufa nzuri. Siku ya wazee inaanza magharibi, ndiyo maana wakisema usiku wa Alhamisi wana maana ya Jumatano jua likishatua. Na juma letu linahesabiwa tangu Jumamosi: mosi, pili, tatu, nne, tano. Ukitazamia sita, inakuja Alhamisi, neno la Kiarabu ambalo nalo ni tano, kwa kuwa hesabu yao inaanzia Jumapili. Tano mbili zinafuatana! Nimeyasema majina hayo tangu utotoni na sikuwahi kuyasikia. Siku nilipoyasikia, nilijua Mwana Hidaya aligundua nini: magharibi ya Jumatano, tano inapopokea tano, hesabu haisogei, na mwenye elimu anaweza kusimama hapo katikati.

Kisha mpe mji na kazi ya mikono. Nilichagua Siyu, kisiwani Pate, kwa sababu mji huo ulisifika karne ya 18 na 19 kwa wanazuoni na wanakili wa misahafu. Binti wa mnakili anajua kuchonga kalamu ya mwanzi. Anajua wino ukiwa mzito unaganda, ukiwa mwepesi unatambaa. Nilimfanya awe anampigia baba yake mistari kwenye karatasi kabla ya kuandikwa, nafasi sawasawa, maelfu ya mistari, hadi jicho lake likazoea kuona nafasi kuliko maandishi. Mtu wa namna hiyo ndiye anayeona pengo kati ya siku mbili. Usimpe kipaji kilichodondoka mbinguni. Mpe kazi iliyomfundisha kuona.

Sasa bei. Katika toleo langu la kwanza alikuwa akipiga kofi, saa zinarudi nyuma. Nikamsomea mpwa wangu, akaniuliza, "Shangazi, kama anaweza, mbona hakumrudisha mwanawe aliyezama?" Sikuwa na jibu, na usiku ule sikulala. Jibu nililipata kwenye mwaka wetu wenyewe, ule tunaoufungua kwa Mwaka Kogwa mwezi wa Julai, kwa kuchoma kibanda cha makuti. Mwaka huo wa jua una miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada. Basi kila mara Mwana Hidaya anaposimamisha saa, anakatwa siku moja katika zile tano: analala, anaamka, siku imekwenda bila yeye. Mara tano kwa mwaka, basi. Na anaweza kusimamisha tu, kurudisha hawezi. Alisimama juu ya maji mwanawe akizama, akapata muda wa kumtazama, asipate wa kumvuta. Nililia nikiandika, na sijafuta neno.

Tarehe za kuzaliwa na kufa sikuhangaika nazo. Karne inatosha.

Urithi wake, usiutangaze. Uache ndani ya mazoea ya watu. Wavuvi wa Siyu katika hadithi yangu hawatandi nyavu magharibi ya Jumatano, wala hawajui kwa nini. Wanafunzi wake wawili waligombana na vizazi vyao havisalimiani. Na mabeti machache yamebaki vinywani. Ukimtungia utenzi, shika mizani nane kila kipande, ama sivyo msikilizaji wa pwani atakukamata papo hapo:

Tano haijaondoka
na tano imeshafika
hapo ndipo pa kushika
saa isiyo na jina

Mwisho, msomee mtu anayeijua bahari. Mimi nilimsomea baba, mvuvi ambaye hajawahi kuvaa saa ya mkononi. Nilikuwa nimeandika kwamba Mwana Hidaya aliondoka Siyu kwa jahazi usiku wa mwezi mpevu, saa nne, maji yamejaa. Baba akanyanyua mkono. "Mwanangu, mwezi mpevu ni bamvua, maji yanajaa sana na kutoka sana. Saa nne maji yametoka, mkondo wote ni tope. Chombo kitaelea wapi?" Nikamwomba radhi, nikamsogeza Mwana Hidaya hadi saa kumi za alfajiri, maji yanapojaa. Ikabidi akae gatini saa sita nzima na mzigo wake miguuni, na pale ndipo alipoutunga ule ubeti.